Doa Jekundu Kifuani mwa Mama Sifa

Nakumbuka asubuhi ile, mdogo wangu, Mama Sifa alipoingia kwenye kituo chetu cha afya hapa Kalemie, akikohoa huku akicheka. Mimi si mzee wa mvi. Lakini wewe unaanza kazi hii ya picha za kifua baada yangu, na jambo hili nimelibeba peke yangu vya kutosha.

Mama Sifa alikuwa jirani yetu, mkaushaji wa samaki kwa moshi. Utotoni, mama yangu alipokwenda sokoni, yeye ndiye aliyenilisha. Kompyuta nilijifunza mwenyewe, bila mwalimu, kwa hiyo kila siku niliogopa kukosea mbele ya watu. Tulikuwa na programu ya akili bandia inayosoma picha za kifua: inatia rangi nyekundu inapoona dalili za kifua kikuu, kisha makohozi yanapimwa kuhakikisha. Picha ya Mama Sifa niliipitisha tena na tena kwenye programu, nikitaka jibu lisilo na shaka. Rangi haikuhama. Nikafurahi, Mungu anisamehe, kwa sababu kazi ilikuwa safi. Nikamgeuzia skrini bila neno.

Akaacha kucheka, akaionyesha picha kwa kidole. "Njo mimi huyu?"

"Ndiyo, Mama."

"Na huu moto, nani ameuweka mu kifua yangu?"

Nilikuwa nimeshainama kutafuta kikopo cha makohozi. Nikasema tu, "Mashine haikosei, Mama." Nilipoinuka, kiti kilikuwa kitupu.

Jioni watu wa kwake wakatuambia amepanda gari la kwenda mji wa Nyunzu, kwa binti yake, akafunge na kuombewa, aonyeshwe aliyemwashia moto.

Papa Kyungu, muuguzi wetu mkuu, hakupaza sauti. "Umemuonyesha mama wa watu kifua chake kinawaka, halafu umenyamaza. Yeye anaishi na moto kila siku. Ulitaka aelewe nini? Piga simu."

"Nitamwambia nini, Papa?"

"Anza na salamu, kama mutu mwenye alizaliwa na wazazi."

Binti yake alikataa siku kadhaa kumpa mama yake simu. Hatimaye nikaisikia sauti ya Mama Sifa, nyembamba. Nikamuuliza habari za wajukuu. Nikamwambia wekundu ule ni rangi tu, mashine inaitia ili tujue pa kuangalia; hakuna aliyemroga; huenda ni ugonjwa wenye dawa, na huko Nyunzu watampima.

Akakohoa kwanza. "Weye mutoto, ungesema hivi siku ile, ningekaa."

Alipimwa, ugonjwa ukaonekana, akanywa dawa mpaka akamaliza. Lakini Kalemie hakurudi. Binti yake alimkataza kazi ya moshi. Banda lake la kukaushia samaki sasa wanalitumia wengine; nikipita hapo napunguza mwendo, nikingoja kuitwa nile. Hakuna anayeniita. Najiambia kwamba pengine angehama hata hivyo. Sijiamini ninaposema hivyo.

Basi, mdogo wangu, mashine hizi zitumie. Zimenionyesha wagonjwa ambao macho yangu yangewapita. Ila kabla hujamgeuzia mtu skrini, kaa naye. Mweleze rangi ile ni nini na si nini, kisha umuulize yeye ameona nini. Usimwambie mashine haikosei. Jibu likiwa safi na mgonjwa ameondoka, hujafanya kazi.

Mungu akupe jicho kali na ulimi usio na haraka, na waliokulisha utotoni wasiogope kamwe kukaa mbele yako.