Buki Hapana Sukari

Kwa miaka ishirini na miwili mtaa wa Furu, hapa Butembo, ulimjua Agar kwa jina moja tu: Mama Gato, yaani mama wa keki. Ndoa gani ilifungwa mtaani bila keki yake? Ubatizo, sherehe ya diploma, hata matanga ya wenye uwezo, sufuria zake zilikuwa zinatangulia. Kwa hiyo siku mume wake, Mwalimu Sikuli, alipoambiwa ana ugonjwa wa sukari, akina mama wa kanisa hawakujizuia. "Ulimukamata na gato, sasa unamumaliza na gato," walimtania wakitoka ibadani. Agar alicheka nao. Kikulacho ki nguoni mwako, alijua hilo bila kukumbushwa. Kicheko kilimkauka baadaye, kidonda kilipotokea kwenye kidole gumba cha mguu wa kushoto wa Sikuli na kukataa kupona.

Tuseme ukweli, Sikuli hakuwa mgonjwa mwepesi. Huyu ni mtu aliyefundisha hesabu miaka thelathini na bado akiamini vijiko vinne vya sukari kwenye chai ni viwili. Agar alipoiondoa sukari nyumbani, mzee alifanya jambo baya zaidi: aliacha kula. Ugali anausukuma, maharage anayatazama. "Chakula bila utamu ni kazi," alisema, "na miye nilishastaafu." Akakonda mpaka koti la ibada likawa linamvaa yeye.

Muuguzi wa kituo cha afya, Jéthro, ambaye mtaa mzima unamwita Docta, hakuzunguka mbuyu. Kipimo cha sukari kisiposhuka kabla ya Jumanne ya mwisho wa mwezi, kidole kitakatwa, na kikichelewa kukatwa, mguu utafuata. Ila mgonjwa lazima ale. "Mupikie gato ya matunda," alimwambia Agar. "Lakini bila sukari, mama. Kipande cha vidole viwili kwa siku, basi."

Keki bila sukari! Ni kama kumwambia mwimbaji aimbe amefunga mdomo. Lakini Jumamosi ile Agar alinunua prune, yale matunda mekundu yenye umbo la yai yanayotoka milimani, machachu kiasi cha kukunja uso. Akayachovya kwenye maji ya moto, akayamenya, akayakatakata. Akachukua unga wa ngano usiochekechwa, mayai manne, parachichi moja badala ya siagi, mdalasini kidogo. Nyumbani kwake hakuna tanuri la umeme. Kuna mbabula, yaani jiko la makaa, sufuria kubwa yenye mchanga chini, na makaa mengine juu ya kifuniko. Ukizidisha makaa ya juu, keki inaungua uso na tumbo linabaki bichi. Kazi hiyo inataka mtu akae hapo hapo, apepee, afunue, afunike.

Na Agar alikuwa amechoka. Si uchovu wa kulala ukaamka mzima. Alikuwa anaosha kidonda asubuhi na jioni, anachota maji bondeni, anapika keki za watu, anambembeleza mwanaume wa miaka sitini na minane afungue mdomo. Alifika mahali hata kuonja alikuwa haonji tena. Zamani ulimi wake ulikuwa ndio mizani yake. Sasa alikoroga, akamimina, akafunika.

Bahati nzuri, siku hiyo hiyo alipata msaidizi. Kavugho, dada mkubwa wa Sikuli, alishuka kutoka Kipese na gunia la viazi mgongoni na bidoni ndogo ya njano, dumu la plastiki, aliyoiweka chini ya kitanda. Ile barabara watu siku hizi hawaipiti bila kusali, kwa hofu ya wenye bunduki, na yeye alikuwa na miaka sabini na tatu. Agar alimpenda kwa hilo. Akamwachia bakuli la unga kila alipotoka kwenda kutafuta makaa.

Maajabu ni kwamba Sikuli alikula. Alikula kipande chake chote, akalamba vidole, akamtazama mkewe kwa muda mrefu. "Wasingya," alimwambia, yaani asante kwa Kinande, kwa sauti ya chini ambayo Agar alikuwa hajaisikia tangu watoto wakiwa wadogo. Mkewe akafikiri ni adabu ya mgonjwa.

Jumanne ya kwanza kipimo kilisoma mia mbili arobaini. Ya pili, mia mbili sabini. Ya tatu, karibu mia tatu. "Mama, unamupa nini?" Jéthro aliuliza. Agar aliapa kwa Biblia. Alienda kugombana na mwenye kinu kuhusu unga. Alipekua koti la Sikuli mfuko kwa mfuko kama askari wa kizuizi cha barabarani, na mzee akanyoosha mikono apekuliwe. Hilo lilimuuma Agar kuliko kama wangegombana.

Jumamosi ya nne alirudi mapema, mwenye makaa hakuwepo. Akamkuta Kavugho ameinamia bakuli, bidoni ya njano mkononi, kitu kizito cha rangi ya kahawia kinashuka taratibu ndani ya unga.

"Mulamu, unafanya nini?" Agar alimwuliza wifi yake.

"Naweka buki kidogo," Kavugho alijibu, bila hata kushtuka. Buki ni asali, huku inaitwa hivyo. "Gato yako inachoma kinywa. Mugonjwa hawezi kula kitu kama siki."

"Docta alikataza sukari."

"Donc? Na kisha? Buki hapana sukari. Sukari inatoka ku kiwanda. Buki njo ya Mungu. Kwetu tunapaka na ku kidonda, kinapona."

"Tangu lini?"

"Tangu nilifika. Sikukuambia, uko na mambo mingi."

Agar alitaka kupiga kelele, lakini hata kelele inataka nguvu. Alichovya kidole kwenye unga, akaonja. Utamu ulimjaa mdomoni. Mtoto wa miaka mitatu angeujua. Jumamosi nne, na yeye Mama Gato hakuonja hata mara moja. Aliona aibu kubwa. Akaumwaga unga wote, akaanza upya, na keki ile yenye uchachu Sikuli aliimega mara mbili, akaweka uma chini, akageukia ukuta.

Jumanne ya mwisho walikwenda wote watatu. Kavugho alikaa kwenye benchi, ameshika kiatu cha mdogo wake mapajani. Mashine ilisoma mia tatu na tano. Jéthro alitazama kidole, akasema kitakatwa Alhamisi.

"Nani anamupa kitu ya sukari?" aliuliza kwa hasira, wagonjwa wengine wote wakageuka. "Kuko mutu."

Agar alikuwa ameshafungua mdomo amtaje Kavugho. Sikuli alimtangulia.

"Docta, usimukaripie bibi yangu. Nilijua kama mule kuko buki, tangu Jumamosi ya kwanza. Nilinyamaza tu. Nilisema moyoni, Agar amechoka, lakini angali ananihurumia, njo sababu ananiwekea. Sikutaka aache."

Kavugho aliinamia kiatu. Kikongwe wa watu, aliyepita barabara ile peke yake.

"Ni miye," Agar alisema. "Miye njo niliweka."

Jéthro alimkaripia kwa muda mrefu mbele ya watu wote, akamwita mama asiye na akili, na Agar aliyapokea yote akiwa amesimama. Sikuli akanyoosha mkono akamshika wake hadharani, jambo ambalo hakuwahi kulifanya katika miaka arobaini ya ndoa, na Agar akauacha mkononi mwake.