Kitenge cha Mheshimiwa Waziri

Miaka yote nimekana, lakini ni mimi niliyempa Waziri wa Biashara kitenge cha magendo.

Alikuja Ujiji kuhimiza nguo za viwanda vyetu. Mimi, afisa biashara mwenye shahada, niliagizwa nitafute zawadi yake, na duka la ushirika lilikuwa na majembe tu. Nikaenda Kasingirima kwa Mama Zaina, ambaye vitenge vyake huvuka ziwa kutoka Zaire.

“Si wewe uliyeninyang'anya mzigo juzi?”

“Mama, nitafukuzwa kazi.”

“Basi chagua kizuri, usifukuzwe kwa kibaya.”

Waziri alikiinua jukwaani akavisifu viwanda vyetu. Nilipiga makofi kuliko wote.

Wiki iliyofuata akanipigia simu mwenyewe.

“Ndugu Afisa, mke wangu anauliza, viwanda vyetu vimeanza lini kuandika Kifaransa kwenye pindo?”