Mama Mkwe Mbaya Aenda Kuposa

Kwa miaka kumi na minane nimekuwa mama mkwe mbaya. Si nyumbani, ni stejini. Kundi letu la maigizo la Nakuru huzunguka mashule na maholi ya kanisa kutoka Naivasha mpaka huku kwetu, na siku ya kwanza mwelekezi wetu aliponisikia nikigombana na muuza viazi, aliniambia malaika anao tele, anachokosa ni shetani. Sijawahi kupewa nafasi ya bibi harusi hata nilipokuwa bado na kiuno.

Onyesho langu kubwa ni la uji. Mkwe ananiletea kikombe, naonja, namtazama, kisha namwaga wote miguuni pake, polepole, bila neno. Watu hupiga kelele holi nzima. Kuna mama aliwahi kunirushia kiatu, na hakikuwa kiatu kibaya. Pale Free Area ninakokaa, mama mboga akinifungia sukuma wiki huniuliza kama mkwe ameshakula. Nami hucheka tu, maana hizo ndizo tuzo zetu. Nyingine hakuna.

Mwaka jana kijana wangu wa pekee alipata msichana kutoka upande wa Kikopey. Msichana mpole, ana kicheko kizuri, na kwa ajili yake kijana wangu alianza kupiga pasi mashati bila kuambiwa. Mimi mwenyewe nilimpenda. Tukabeba blanketi, leso na sukari, tukaenda kwao kuposa. Baba ya kijana wangu alishafariki, kwa hivyo shemeji yangu ndiye alikuwa msemaji. Kazi yangu ilikuwa moja, kukaa na kunyamaza, kwa sababu siku kama hiyo mama wa kijana hasemi.

Sijakaa vizuri, shosho ya msichana, yaani nyanya yake, akavaa miwani. Alinikagua kuanzia kitambaa cha kichwa mpaka viatu, kisha akasema mbele ya wazee wote, "Huyu namjua. Alikuja kwa kanisa letu akamwagia mtoto wa wenyewe uji."

Shemeji akaeleza kwamba ule ulikuwa mchezo. Shosho akasema yeye si mjinga, mchezo anaujua, lakini hakuna mtu anaweza kumwaga uji namna ile kama hajawahi. Mashangazi wakaitikia kwamba msichana wao hatoki. Wazee wetu wakaanza kuangalia sakafu.

Aki niliogopa. Nikafanya ujinga, nikaanza kuigiza. Nikainamisha kichwa, nikalegeza sauti, nikamwita msichana mwanangu, na chozi likashuka jicho la kushoto, mahali hasa ninapolitaka. Shosho akageukia mashangazi. "Mmeona? Sasa ndio anaigiza."

Hapo nikakasirika, na mimi hasira ikipanda, adabu hushuka. Nilisimama nikasema ukweli. Uji ule ulimwagwa kweli, lakini ulimwagwa kwa miguu yangu. Aliyeumwaga ni mama ya mume wangu, wiki ya pili ya ndoa, kwa sababu ulikuwa na mabonge. Nilipiga magoti nikapangusa sakafu. Stejini namwiga yeye tu, mkono wake, macho yake, hata vile alivyonyamaza. Na mkono wangu mimi haujawahi kumfanyia mtu hivyo, na hautawahi.

Shemeji alifunika uso. Shosho akavua miwani, akauliza kama uji ulikuwa moto. Nikasema ndiyo. Akasogea kwa kochi, akaniambia nikae karibu naye, akaagiza tuletewe chai. Wazee wakarudi kwa mambo ya mahari, na jioni hiyo tukakubaliwa.

Tukirudi Nakuru kijana wangu alishindwa kunyamaza kwa furaha. Huyo amelelewa na nyanya yake, mama ya baba yake, yule yule, wakati mimi niko mbio na maigizo. Picha ya huyo nyanya iko kwa simu yake mpaka leo, na kila Krismasi husafisha kaburi lake kwa mikono yake mwenyewe. Tulipokaribia Lanet akageukia dirisha. Kisha akaniuliza bila kunitazama, "Mum, hiyo ya nyanya ilikuwa ukweli?"

Nikamwambia hapana, ilibidi nitunge kitu haraka.

Akapumua. Akacheka mpaka akapangusa macho, akasema, "Aki Mum, hata mimi uliniweza."