Mjerumani wa Igoma

Ndalahwa alikuwa na ugonjwa ambao hospitali zote za Mwanza zisingeuweza: hakuwa na uwezo wa kuona kitu kimelegea akakiacha. Ukimwalika chai, atakunywa nusu kikombe, kisha utamwona amelikamata birika lako anakagua mshikio. Akienda msibani, wenzake wanalia, yeye macho yako kwenye bawaba za mlango. Siku aliyokwenda kujitambulisha ukweni Nansio, kabla hajakaribishwa hata kuketi, alikwishapiga magoti mbele ya kiti cha baba mkwe akikaza msumari wa mguu wa kiti hicho. Mzee akadhani kijana anampa heshima ya pekee, akapunguza ng'ombe mmoja papo hapo. Modesta, bibi harusi mwenyewe, hadi leo hajui acheke au aone kaonewa.

Ugonjwa huo ulimfaa sana kiwandani. Kwa miaka mingi Ndalahwa alikuwa fundi mitambo katika kiwanda cha nguo, na mtambo wa kufumia ukigoma jina lake ndilo lililoitwa kwanza. Halafu ikaja miaka ya ruksa. Mipaka ikafunguliwa, na maduka ya Mwanza, ambayo watu walikuwa wamezoea kuyaona na rafu tupu na karani anayesinzia, yakajaa hadi barazani. Sabuni ya nje, ndala za nje, viberiti vya nje, hata vijiti vya kuchokolea meno vya nje, kana kwamba miti ya Usukuma imekwisha yote. Watu walifurahi, na nani wa kuwalaumu? Walikuwa wamepanga foleni ya sukari kwa miaka. Lakini kiwanda, ambacho hakikuwahi kumbembeleza mteja tangu kijengwe, kikajikuta kinashindana na mashati ya mitumba yanayoshushwa kwa marobota. Kikayumba, kikapunguza wafanyakazi, na Ndalahwa akawa miongoni mwa waliopunguzwa. Alipewa mkono wa kwaheri, kiinua mgongo ambacho hakikufika hata kiunoni, na ruhusa ya kununua kwa bei ya chuma chakavu mapipa matupu yaliyokuja na mafuta ya mitambo.

Mapipa hayo aliyarundika nyuma ya nyumba yake Igoma. Majirani wakasema amechanganyikiwa. Yeye alikuwa anamfikiria mama yake, aliyebangua karanga kwa vidole msimu baada ya msimu mpaka kucha zikawa hazioti vizuri. Akakata pipa kati, akapanga vipande vya nondo chini yake kama chekecheke, akafunga mkono wa chuma wenye pedeli ya baiskeli kwenye ncha. Ukimimina karanga na maganda yake na kuzungusha, punje zinaanguka chini nzima nzima na maganda yanapepetwa pembeni. Kazi ya kutwa nzima ya wanawake wanne ikawa inamalizwa na mmoja kabla uji haujapoa. Siku mashine hiyo ilipofanya kazi bila kuvunja punje, Ndalahwa alimwita mkewe na kumwonyesha.

Mapipa yalikuwa na maandishi ya kigeni yaliyogongwa kwenye bati, marefu na magumu kuyatamka. Ndalahwa aliyaona ni uchafu. Aliyagonga kwa nyundo mpaka yakalala, akapaka rangi ya kijani, na Modesta akaipeleka mashine sokoni Mkuyuni.

Haikununuliwa. Watu walikuja, wakazungusha, wakasifu, kisha wakauliza swali moja tu.

"Ya wapi hii?"

"Ya hapa hapa. Ametengeneza mume wangu, Igoma."

"Ahaa," mtu anasema, na hiyo "ahaa" ni ndefu. Anaiachia mashine polepole, kama mtu aliyemshika mtoto wa mwenzake akagundua amelowa. "Basi tutapita tena." Hawakupita tena. Ndalahwa akaongeza nyingine mbili, na zote tatu za kijani zikakaa pale mpaka kuku wa sokoni wakaanza kutagia humo.

Kisha Ndalahwa akaugua malaria, na rangi nayo ikamwishia. Mashine ya nne ikabaki bila rangi, maandishi yake yamesimama wima vile vile yalivyotoka ng'ambo. Modesta aliibeba kwa aibu. Hakuwa hata ameiweka chini vizuri, mama mmoja wa makamo akainama, akapitisha kidole juu ya zile herufi.

"Ya wapi hii?"

Modesta alikuwa amechoka na jua, na mume nyumbani anatetemeka. "Si unaona mwenyewe kilichoandikwa," akasema.

Mzee muuza tumbaku, aliyesoma zamani kwa mapadri, akaja kutazama akatangaza kwamba hicho ni Kijerumani safi. Yule mama, Getruda jina lake, mfanyabiashara kutoka Nansio, akafungua fundo la khanga bila kuomba kupunguziwa. Aliondoka na mashine begani mwa mchukuzi, na wengine wawili wakauliza zinakuja nyingine lini.

Kuanzia siku hiyo nyundo ya Ndalahwa haikugusa herufi tena. Hakuna aliyedanganya, hilo Modesta alilisisitiza sana. Watu waliuliza, akawaonyesha maandishi, wakajijibu wenyewe. Watoto wakapata sare za shule, bati la jikoni likabadilishwa, na soko zima la Mkuyuni likajua kwamba mke wa Ndalahwa ana ndugu yake anayeleta mashine za Mjerumani. Ndalahwa alikula ugali wa mashine hizo kwa shukrani, ila haukushuka vizuri.

Lililomuuma zaidi lilikuwa la Nansio. Getruda alikuwa amegeuza mashine yake kuwa mradi, anabangulia karanga nusu ya mji, na siku moja boliti ikaanguka ikapotea. Akatuma habari kwamba anahitaji fundi. Ndalahwa akapanda meli na spana zake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umenawa mikono?"

Akanawa. Getruda akaketi kwenye kigoda, pua karibu na mkono wa fundi, kama mama anayemwangalia mtu akimnyoa mwanawe.

"Umewahi kushika mashine ya Mjerumani wewe?"

"Nimeshikashika, mama."

"Basi polepole. Hiyo si hizi zenu za kugongagonga."

Ndalahwa akatoa boliti mfukoni, pacha wa ile iliyopotea. Getruda akaikamata, akaigeuza, akaitilia shaka. "Hii ya wapi? Mjerumani akijua umemwekea boliti ya Igoma atasemaje?"

Mjerumani mwenyewe, akiwa amelala chali chini ya mashine, grisi mpaka kwenye viwiko, akanyoosha mkono arudishiwe boliti yake.

Aliporudi alimsimulia mkewe. Modesta alicheka mpaka akashika ukuta. Alipomaliza akagundua mwenzake hacheki.

"Mama Mayala, nimekuwa mgeni kwa mashine yangu mwenyewe."

"Mgeni anayelipwa, baba Mayala. Wenyeji wangapi hapa Igoma wanalipwa?"

Hilo lilikuwa kweli.

Ndipo likaja tangazo. Mkoa ungefanya maonyesho ya viwanda vidogo, na mashine itakayoshinda ingeagizwa kwa ajili ya vikundi vya wanawake vijijini. Mshindi angepewa pia chumba cha karakana chenye umeme. Ndalahwa alisoma mpaka watu waliokuwa nyuma yake wakamsukuma. Kwa umeme angechomelea mwenyewe, bila kubeba vyuma mgongoni kwenda kupanga foleni kwa watu wenye umeme. Na chini kabisa lilikuwepo sharti, ambalo kwake lilikuwa tamu kuliko hicho chumba: kitu kiwe kimebuniwa na kutengenezwa hapa nchini.

"Ukisimama pale ukasema ni yako," Modesta alimwambia, "wateja watasikia. Mkuyuni itakufa siku hiyo hiyo. Na ukishindwa, hatuna Mkuyuni wala karakana."

"Najua."

"Unajua, na utakwenda."

"Nitakwenda."

Modesta akaenda kulala na hasira zake, lakini asubuhi alimpigia pasi shati. Alitoa sharti moja tu: ile mashine asiigonge. Iende na maandishi yake, watu wasije wakashtuka kabla ya wakati.

Uwanjani kulikuwa na majiko ya udongo, sabuni za miche, viatu vya matairi, na asali ndani ya chupa za konyagi. Mkuu wa waamuzi alikuwa Bwana Kahigwa, afisa wa viwanda, Mhaya mrefu wa suti ya kijivu ambaye alisoma Ujerumani enzi hizo na hakumficha mtu jambo hilo. Alipofika kwa Ndalahwa akaitazama mashine, akatikisa kichwa kwa huruma.

"Ndugu, umekosea mahali. Hapa ni vitu vya nyumbani. Mawakala wa vitu vya nje mngeenda upande wa madukani."

"Mzee, hii si ya nje."

Kabla hajaendelea, umati ukapasuka akatokea Getruda. Alikuwa amekuja mjini kununua magunia, akamwona fundi wake anabanwa na mkubwa, akaona ni wajibu wake kumwokoa.

"Usimsumbue huyu kijana, baba!" akasema kwa sauti ya kuvuka maji. "Ni ya Mjerumani halisi, mimi ninayo nyumbani, mwaka wa pili huu haijanisumbua hata kidogo. Wenzangu hawa mashahidi!" Na kweli, nyuma yake walikuwepo wateja wengine wa Mkuyuni, wote wakiitikia kwa vichwa, wote wakimtetea Ndalahwa kwa moyo mmoja dhidi ya Ndalahwa.

Modesta akamvuta shati kwa nyuma. Alikuwa na maana kwamba mlango wa kutokea bado uko wazi: acheke, aseme samahani mzee, nimekosea upande, abebe mashine yake, na kesho Mkuyuni iendelee kama kawaida. Ndalahwa aliuona mlango huo vizuri sana. Magoti yalimlegea. Na kwa kuwa kitu kilicholegea hakuwahi kukivumilia, akajikaza.

"Mama yangu," akamwambia Getruda, "mashine hii nimeitengeneza mimi, Igoma, nyuma ya nyumba. Na ya kwako pia. Hiyo pedeli ni ya baiskeli. Maandishi ni ya pipa."

Bwana Kahigwa akavaa miwani, akainama, akasoma herufi moja moja, midomo ikichezacheza. Mabega yakaanza kumtikisika.

"Imeandikwa hivi," akasema, akijifuta macho kwa leso. "Mafuta ya mitambo. Pipa likiisha, lirudishwe kwa mwenyewe."

Uwanja mzima ukaangua kicheko. Wauza sabuni walicheka, wauza majiko walicheka, mzee wa asali akakaa chini kabisa. Getruda peke yake hakucheka. Alimtazama Ndalahwa juu mpaka chini, na mashine ya miaka miwili bila kasoro ikaota kasoro pale pale.

"Ndiyo maana ilikuwa inapiga kelele," akasema. "Nilijua tu. Na mkono wake unachosha. Utanipunguzia, tena utanirudishia kilichozidi." Wenzake wakadakia, huyu yake ina kutu, yule yake imekaa upande. Hakuna aliyesema anairudisha.

Waamuzi wakaifungua mashine, wakaizungusha, wakaijaza karanga, wakaijadili. Jioni Bwana Kahigwa akatangaza kwamba imeshinda. Ndalahwa akapewa mkono mbele ya watu, na karakana yenye umeme ikawa yake. Moyo ulimjaa.

Watu walipotawanyika, Bwana Kahigwa akamwita pembeni na mkewe, akashusha sauti.

"Ndugu Ndalahwa, tutaagiza mashine sitini. Kazi nzuri, tunajivunia vya kwetu. Ila kuna jambo dogo. Hayo maandishi, uyaache. Mashine zote ziwe nayo. Unawajua watu wetu wa vijijini. Tukiwapelekea kitu hakina neno la Kizungu, watasema serikali imewaletea vya ovyo."

Ndalahwa alimtazama afisa aliyeajiriwa kukuza viwanda vya nyumbani. Alitafuta mzaha usoni mwake, hakuuona. Mtu yule alikuwa anasema kweli kabisa, tena kwa nia njema. Sitini ni mashine nyingi. Ni ada za shule, ni chakula, ni vijana wawili watatu wa kiwandani waliokaa bila kazi kupata pa kuingia asubuhi. Alihisi kana kwamba shati linavutwa tena, akangoja mkewe ajibu ndiyo kwa niaba yake, kama alivyozoea.

"Hapana, mzee," Modesta akasema.

Wanaume wote wawili wakageuka.

"Mimi ndiye niliyeuza maandishi hayo, na yamenilisha, siyatukani. Lakini leo nimemwona mume wangu akisimama mbele ya watu anatetemeka ili aitwe kwa jina lake. Mimi nilikuwa namvuta shati arudi nyuma, na nimejiona mdogo. Weka lake, mzee. Anaitwa Ndalahwa. Si gumu hivyo kulisoma."

Bwana Kahigwa alivua miwani, akaivaa tena. Akasema kwa hali hiyo hawezi kuahidi sitini. Wataanza na kumi, kwa majaribio, waone watu watazipokeaje.

"Kumi zinatosha," alisema Ndalahwa. Hazikutosha, na alijua hazitoshi. Lakini alilia pale pale uwanjani, mtu mzima, mbele ya afisa wa serikali, na Modesta akamshika mkono akiwa amefurahi na ameogopa kwa pamoja.