Mpira wa Sadaka

Mama yangu hakufurahi hata kidogo aliposikia nimechaguliwa kuichezea Ureno. Nilimpigia simu Mombasa nikiwa ndani ya gari, kwenye maegesho ya nyumba tunayopanga hapa Adelphi, Marekani, nikampa habari kwa mbwembwe zote, nikangoja vigelegele. Badala yake akaniuliza, "Wareno hawa hawa wa Ngome ya Yesu?"

"Hao hao, mama."

"Watu walikufa hapa kuwatoa," akasema, "na wewe mwanangu wenda kuwatumikia kwa mpira." Halafu akauliza kama jezi yao ina mikono mirefu, maana Ulaya ni baridi. Hapo nikajua radhi nimepata.

Jezi ina mikono mifupi, na iko kabatini kwangu, imekunjwa chini ya kanzu. Nimeshaivaa na nitaivaa tena. Nasema mapema kwamba mimi najua kurusha mpira wa kriketi, ili asiyependa majisifu aache kusoma hapa hapa.

Kwa asiyeujua mchezo huu: mrushaji huudundisha mpira mbele ya mpigaji, na nyuma ya mpigaji husimamishwa vijiti vitatu. Mpigaji ana ubao wa kupigia mpira na kuvilinda vijiti vyake. Mpira ukiviangusha, ametoka, anampisha mwenzake. Wako wanaorusha kwa kasi ya kutisha. Mimi kasi sina. Mimi huuzungusha kwa kifundo cha mkono, nao ukidunda unageuka, na mara moja moja unageukia upande ambao mpigaji hakuutazamia kabisa. Huo nilijifunza uani kwetu, Mji wa Kale, kwa mpira wa tenisi uliofungwa utepe, nikimrushia kaka yangu mbele ya mlango wa choo. Mlango ndio uliokuwa vijiti vyetu, na aliyekuwa ndani ilibidi avumilie.

Kisha nikaenda Lisbon, kijana mwenye njaa ya maisha. Nilisugua masufuria ya hoteli, baadaye nikajifunza kutandika mazulia maofisini, nikaoa Mzanzibari, nikapata uraia. Miaka yote hiyo kriketi sikuigusa. Sikujua hata kama Wareno wanaicheza. Mke wangu alipopata kazi ya uuguzi Maryland, tukahamia huku, nami nikaja na kisu changu cha kukatia zulia na pasipoti ya Ureno.

Pasipoti hiyo ndiyo iliyonikutanisha na Nahodha. Nilikwenda ubalozi wa Ureno, Washington, kuibadilisha, na mbele yangu kwenye foleni alikuwa bwana mmoja mrefu, shati limenyooka kwa pasi, anamwambia binti yake kwa Kiswahili cha Mombasa aache kuegemea ukuta wa watu. Binti akamjibu kwa Kiingereza. Nikamgusa bega yule bwana nikamuuliza ni mtu wa wapi.

"Ganjoni," akasema. "Nawe je?"

"Mji wa Kale."

"Basi wajua kucheza kriketi au hujui?"

Hakuuliza jina langu kwanza, aliuliza hilo. Babu yake alizaliwa Goa wakati wa Wareno, na kwa babu huyo yeye naye alipata pasipoti, ingawa Ureno kwenyewe hajawahi kuishi hata siku moja. Alikuwa na kazi nzuri kwenye ofisi za kaunti kule Upper Marlboro, na Jumapili alikuwa nahodha wa klabu iliyocheza uwanja wa huko huko. Tulipofika dirishani alikuwa ameshaniambia nije na viatu gani.

Kazi ya kwanza aliyonipa haikuwa kurusha mpira. Ilikuwa kutandika mkeka. Viwanja vyetu vya huku si vya kifahari. Katikati ya nyasi kuna ukanda wa saruji, na juu yake hutandikwa mkeka mrefu uliokazwa kwa misumari pembeni, ndipo mpira udunde vizuri. Waliokuwa wakiutandika kabla yangu waliuacha na mikunjo kama shuka la mgonjwa. Mimi ni fundi wa mazulia, mkunjo ukiniangalia nakosa usingizi. Niliuvuta ule mkeka mpaka ukalia, nikapigilia misumari, nikasimama mwisho wake na mpira mkononi. Mpira wangu wa kwanza uligeuka kiasi kwamba Nahodha aliukosa kwa upana wa kiganja, akabaki ameutazama mkeka na si mimi.

Nilianzia timu ya pili ya klabu, na wazee wenye vitambi na vijana waliokuja kwa sababu baba zao wamewaburura. Sikukaa huko. Kabla msimu haujaisha nilikuwa timu ya kwanza, na msimu uliofuata wapigaji wa klabu nyingine walikuwa wakimpigia Nahodha simu Jumamosi kumuuliza kama nitacheza. Yeye huwadanganya kwamba nina kazi.

Nahodha alikuwa mpigaji bora kuliko wote niliowahi kukutana nao, na hilo nalisema mimi, ambaye sifa za wapigaji hunitoka kwa shida. Siku moja tukiukunja mkeka baada ya mechi, kila mtu ameshika upande wake, akaniambia jambo lililokuwa likimkereketa. Timu ya taifa ya Kenya ilimwacha alipokuwa kijana. Sasa amesikia Ureno wanatafuta wachezaji wenye pasipoti yao popote walipo duniani, amemwandikia kocha wao, na kocha amemjibu kwamba atume video akipiga.

"Nakaribia arubaini," akasema. "Ni mwaka huu au basi tena. Nataka kuivaa jezi ya taifa, hata iwe mara moja. Hata iwe ya Wareno."

Video kama hizi zina utaratibu wake, na kila klabu inaujua. Mtu humchukua rafiki mrushaji, rafiki humrushia mipira laini, mpigaji huipiga kila upande, na mtu wa tatu hurekodi. Mipira hiyo sisi twaiita mipira ya sadaka. Nahodha aliniomba mimi. Nikamwambia, "Haya, kwani shida iko wapi?" Na niliahidi kwa moyo safi kabisa.

Tukaonana Jumamosi asubuhi uwanjani. Mkeka niliutandika mwenyewe. Binti yake aliiweka simu juu ya kigoda chenye miguu mitatu, akasema tuko tayari. Nikarusha wa kwanza, laini, akaupiga ukapita kando yangu ukiteleza juu ya nyasi. Wa pili vile vile. Wa tatu aliupiga akaitazama simu na kutabasamu.

Lile tabasamu lilinichoma. Alistahili kutabasamu, siku ilikuwa yake, lakini mkono wangu ulilichukulia vingine. Nilikimbia kuurusha mpira wa nne nikiwa na nia ya sadaka, na mkono ulipofika juu vidole vikafanya vilivyozoea kufanya. Mpira ukadunda, ukageuka, vijiti vikaanguka.

"Sadaka, shekhe," Nahodha akasema akicheka. "Sadaka."

Nikamwomba radhi. Nikarusha miwili mizuri ya kumpendeza, kisha nikamwangusha tena. Binti yake akasema kutoka nyuma ya simu, "Dad, he's not helping." Nahodha aliacha kucheka, akainamisha bega, akaushika ubao wake vizuri, akaanza kunichezea kweli. Sijaona kupiga kama kule. Mpira uliogeuka aliufuata mpaka mwisho wa mgeuko wake, ndipo akaupiga. Mara nyingine nilimtoa, mara nyingine alinipeleka hadi kwenye miti. Tulicheza hivyo mpaka mashati yakatuganda mgongoni, na sadaka hakuna aliyeikumbuka tena.

Tulipomaliza, binti akauliza, "Should I delete the ones where you're out?"

"Ufute nini?" Nahodha akasema huku akijifuta uso. "Tuma yote. Mipira ya sadaka kila mtu aipiga. Na kocha auone huu wako nilioupiga mimi."

Jibu lilikuja wiki mbili baadaye. Nilikuwa nimepiga magoti kwenye ofisi moja ya mawakili mjini, gundi mpaka kwenye viwiko, simu ikalia.

"Kocha amejibu," Nahodha akasema.

"Kasemaje?"

"Auliza mrushaji ni nani."

Nikakaa chini juu ya saruji.

"Nishamwambia ni nani," akaendelea. "Nishamwambia una pasipoti. Atakupigia leo au kesho, usikose kuishika simu."

"Na wewe je?"

"Mimi wamenishukuru kwa kutuma."

Akakata. Nilifurahi, na sioni haya kulisema hilo. Nilifurahi hadi nikashindwa kukata zulia sawa. Halafu nikamfikiria Nahodha na shati lake la pasi, furaha ikaniuma, na nikakasirika kwamba inaniuma. Jioni nilimweleza mke wangu. Alikuwa bado na sare ya hospitali.

"Umemharibia mwenzako," akasema.

"Nimemharibia, au nimecheza mpira?"

"Ulimuahidi. Hebu niambie hukumuahidi."

Nikasema chakula hakina chumvi.

Kocha alipiga, tukaongea Kireno, akacheka kusikia lafudhi yangu ya jikoni, akaniita kwenye kambi ya timu. Kila kitu kilikwenda sawa isipokuwa kimoja. Nahodha hakuja uwanjani Jumapili ile, wala iliyofuata. Mtu mwingine alituongoza. Nilitandika mkeka, niliwatoa watu, na kila kijiti kilipoanguka niligeuka kumtafuta yeye, maana yeye ndiye aliyekuwa akinipigia kelele za kunisifu kabla ya wote. Kumwomba msamaha sikutaka. Nimwombe msamaha kwa kuwa najua kurusha? Lakini niliogopa. Niliogopa nitakwenda kuivaa jezi aliyoitamani yeye, na nikirudi sitakuwa na mtu wa kukunja naye mkeka.

Siku moja kabla ya safari nilimpigia. Nikamwambia nahitaji mpigaji wa kufanyia mazoezi, na mwingine wa kiwango hicho simjui. Akasema atakuja akitoka kazini.

Alikuja na binti yake. Tulisalimiana kama watu wa msibani. Tukaubeba mkeka pamoja, tukautandika pamoja, yeye akavuta upande wake na mimi wangu, na nilipoona mkunjo upande wake sikusema kitu. Akauona mwenyewe, akaunyoosha. Safari hii hapakuwa na simu ya kurekodi. Binti alikaa nyasini akitutazama.

Nilikuwa nimeshaamua. Leo nitampa sadaka yake yote. Nitamrushia mpaka atokwe na jasho la kunipiga, anitandike kila pembe ya Upper Marlboro, na nitakwenda Ureno deni la ahadi limekwisha. Nikakimbia, nikaushika mkono wangu kama mtu anayemshika mtoto mtundu, na mara hii ulinitii. Mpira ulitoka laini, ukadunda katikati, ukasimama pale ukingoja kupigwa.

Nahodha hakuupiga. Aliuzuia kwa ubao, ukafia miguuni pake. Akainama akauokota, akatembea mkeka mzima mpaka nilipo, akaukamata mkono wangu na kuutia mpira kiganjani.

"Huu si wako," akasema.

"Nahodha, nilikuahidi..."

"Mimi najua uliniahidi nini. Nilikasirika, ndio. Nimekasirika hadi leo asubuhi. Lakini ile video naitazama kila siku, na nipendayo humo si ile mitatu ya mwanzo." Akaufunga mkono wangu juu ya mpira. "Sikutoka kazini kuja kupiga mpira wa mtu mwingine. Lete wako."

Akarudi, akasimama mbele ya vijiti vyake, akainamisha bega kama siku ile. Macho yalikuwa yamenilowa na sikuyafuta, nilitaka mikono iwe mikavu. Nikamrushia ule wa mlango wa choo, unaogeuka upande usiotazamiwa. Akausoma tangu ukiwa hewani. Ulipita juu ya kichwa changu ukapotelea mitini, na binti yake akasimama akapiga makofi.

Nikatoa mpira mwingine mfukoni. Nikarusha ule ule, polepole kidogo tu. Vijiti vikaanguka vyote vitatu.

Nahodha akavitazama, akaanza kucheka, cheko la kwanza tangu siku ya video. Akaviokota kimoja kimoja, akavisimamisha, akavigonga kwa ubao mpaka vikashika.

"Ndege yako ni kesho," akasema. "Rusha tena."