Ukumbi wa Swali Lisilojibika

Siku ile ya homa, Nekesa mwanangu, hunirudia kila nikisikia mtu amejifungia kwa sababu ya mtihani. Unanisikia? Ni mimi kukhu, nyanya yako, nimeketi hapa nje ya mlango wako, na sina haraka. Nimetoka Tongaren asubuhi kuja hapa Kitale kwa kuwa mama yako amesema tangu matokeo yatoke hujatia kitu mdomoni.

Nilikuwa kidato cha nne kama wewe. Kijiji kizima kilinitazama mimi, nami nikasoma mpaka nikasahau kula, nikidhani tumbo nalo litangoja cheti. Malaria ikanikuta nimekauka. Wiki ya mtihani wenyewe baba akanikimbiza hospitali ya misheni kule Lugulu, na katika ile homa nikajikuta nimeingia kwenye ukumbi ambao si wa dunia hii.

Ulikuwa mrefu, sikuuona mwisho wake. Madawati yalijaa wasomi wenye majoho, wengine ndevu zimefika magotini, wote wanaandika na kufuta. Msimamizi alikuwa mama mmoja mrefu aliyevaa gambuti zenye tope. Nikashangaa, kumbe huko nako mvua hunyesha! Ubaoni swali lilikuwa moja tu: "Je, jibu utakaloandika ni hapana?"

Nililiona rahisi, nikashika kalamu. Lakini nikiandika ndiyo, nimedanganya, maana sikuandika hapana. Nikiandika hapana, nimekana kwamba jibu langu ni hapana, na kumbe hapana hiyohiyo nimeiandika. Nilifuta mpaka karatasi ikatoboka. Jirani yangu, mzee wa ndevu, akaninong'oneza kwamba asiyejibu hatoki, na kwamba yeye hata sura za watoto wake hazikumbuki tena. Niliogopa, mwanangu. Niliona nitazeekea pale.

Ndipo nikasikia sauti ya mama yangu nyuma ya mlango, ileile ya kila siku jikoni.

"Njoo ukule, mama. Uji inapoa."

Unajua sisi kwetu. Mgeni akiingia, hata ukiona usoni kwamba amebeba neno zito, humwulizi kitu kabla hajala. Chakula kwanza, maneno baadaye. Nililelewa hivyo, na mama akiita, hukai. Nikaweka kalamu chini, nikasimama.

"Wewe, unaenda wapi na hujajibu?" msimamizi akauliza.

"Mama ameniita nikule. Kwetu mtu haulizwi maswali na njaa."

Alicheka mpaka akashika dawati. "Si uende basi! Ati nani alikuambia huo mlango umefungwa?"

Nikausukuma, ukafunguka. Niligeuka kumwita yule mzee, lakini alikuwa ameshainama tena, anafuta. Huruma niliyomwonea ninayo mpaka leo.

Nilipofumbua macho, mama alikuwa amenishikia kijiko cha uji wa wimbi, analia na kucheka. Mtihani ulikuwa umenipita. Niliufanya mwaka uliofuata, nikapata alama za kawaida tu, nikafundisha chekechea Tongaren mpaka nikastaafu. Na katika watoto wote wale, hakuna hata mmoja aliyewahi kuniuliza nilipata alama gani. Waliuliza kama nimekuja.

Basi nasaha yangu ni hii. Matokeo yameuma, sitakudanganya. Hata mimi nimelia. Lakini yapo maswali ambayo mtu hayawezi akiwa peke yake, tena na njaa, na hilo unalojiuliza humo ndani, kama wewe ni mtu wa maana au si kitu, ni mojawapo. Ukilikalia, litakuzeesha. Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Ukitaka kurudia, tutarudia. Ukitaka njia nyingine, tutaitafuta pamoja. Hayo ni ya baadaye.

Mungu akuinue, mwanangu, akupe moyo mwepesi na watu wa kukuita jina lako kila unapopotea. Na leo ni mimi ninayekuita.

Komeo la mlango huu liko upande wako. Toka ukule, mama. Uji inapoa.