Mtazamaji wa Dada Bandeji

Dada Bandeji hufunga mikono ya mabondia, na hajazaliwa wa kumfunga yeye mdomo. Ofisi yake ni chumba cha nyuma cha ukumbi wa ngumi: benchi moja, ndoo, na feni inayolalamika kuliko wateja. Mdogo wake wa mwisho, ambaye yeye ndiye aliyemlea wazazi walipofariki, ndiye bondia aliyetia watu aibu. Alificha plasta ngumu ndani ya bandeji, akampiga mpinzani wake mpaka jicho moja likapofuka. Siku hiyo alifungwa mikono na mtu mwingine, maana alimjua dada yake.

Alifungiwa kupigana. Akaomba radhi kwenye televisheni kwa maneno ya promota wake, maneno matamu yenye kila kitu isipokuwa alichofanya. Majirani wakamkumbusha dada kwamba asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu. Akawajibu kuwa yeye alimfunza vizuri tu, mtoto ndiye aliyetoroka somo.

Adhabu ilipoisha, promota aliandaa pambano la kurudi, akamtaka Dada Bandeji afunge ili watu waamini. Sasa, kwenye ngumi upande wa pili una haki ya kutuma mtu wa kutazama mikono ikifungwa. Dada akasema atafunga, ila mtazamaji awe yule aliyepoteza jicho. Mpinzani mpya alikubali mara moja. Promota akapandwa na mori, akatishia kumfukuza kazi. Dada akakalia boksi la bandeji, akamwambia akamtafute mwingine anayeaminika.

Promota akamkosa. Yule aliyepoteza jicho akaja, akavuta kiti mbele ya bondia mpaka magoti yao yakagusana. Bondia aliinamisha kichwa. Dada hakugusa bandeji.

"Mwambie ulichofanya," alisema. "Mimi nakijua."

Promota akaanza habari za wanasheria. Bondia akamwomba atoke nje.

"Ile plasta niliiweka mwenyewe, kaka," akasema. "Nilijua itakuumiza. Nisamehe."

"Sijaja kusamehe. Nimekuja kutazama."

Basi dada akafunga, na yule mtu akabonyeza kila kifundo kwa kidole gumba, taratibu, mkono mmoja kisha wa pili. Hakukuwa na kitu ila kitambaa. Aliinuka, akauliza pambano linalofuata ni lini, kwa sababu atakuja tena.

Dada Bandeji akamwambia kiti ni chake, promota apende asipende. Kisha akamgeukia mdogo wake.

"Na wewe usije ukaniuliza kitaondolewa lini."